Kati ya "Hakuna" na "Kuna": Utatuzi wa Hitilafu za Mazungumzo ya Sauti katika Michezo ya Mtandaoni kwa Mtazamo wa Isimu ya Kiswahili

Ikisiri

Makala haya yanaeleza namna ya kutambua na kuondoa hitilafu za mazungumzo ya sauti katika michezo ya mtandaoni inayochezwa na watu wengi kwa pamoja. Yanadai kwamba muundo wa Kiswahili una uzito katika pande mbili za tatizo hilo. Kwanza, kauli za kitenzi zinaweza kuonyesha mahali hitilafu ilipo. Pili, kwa kuwa kiambishi kanushi hukaa mwanzoni mwa kitenzi, hitilafu ndogo ya kifaa inaweza kugeuza maana ya ujumbe mzima.

Utangulizi

Kikosi cha wachezaji wanne kinaingia katika jengo ndani ya mchezo wa PUBG Mobile. Mmoja yuko Kampala, wa pili Mwanza, wa tatu Nakuru na wa nne Kigali. Lugha inayowaunganisha ni Kiswahili. Wa kwanza anapanda ghorofani, anaangaza macho na kusema, "Hakuna mtu." Wenzake wanasikia, "Kuna mtu," wanarusha bomu la moshi na kurudi nyuma. Dakika moja baadaye wanalaumiana. Msemaji anaapa kwamba alisema hakuna, na wasikilizaji wanaapa kwamba walisikia kuna. Mfano huu ni wa kubuni, lakini kila hatua yake ina sababu ya kiufundi inayofahamika, na wote wanne wanasema kweli.

Watafiti wa lugha wamezoea kuichukua michezo ya aina hii kama burudani isiyowahusu, na washauri wa sera huitazama zaidi kwa jicho la maadili. Hata hivyo, hapa vijana wa nchi jirani huzungumza Kiswahili kwa hiari, kwa kasi, bila mwalimu wala mtihani, na kwa lengo la pamoja. Mazungumzo hayo yanapokwama, lugha yenyewe huonekana ndiyo iliyoshindwa, na kikosi huhamia lugha nyingine au hunyamaza. Kwa sababu hiyo, kujua hasa kilichokwama ni suala la lugha kama lilivyo suala la mitambo.

Kauli za kitenzi na mahali pa hitilafu

Malalamiko ya kawaida ni "sauti haifanyi kazi". Sentensi hiyo haimsaidii yeyote. Neno sauti hubeba mlio wa mchezo, maneno ya mchezaji na kiwango cha kusikika kwa vyote viwili. Kwa hiyo anayeombwa msaada hajui aanzie wapi. Kiswahili kina nyenzo bora zaidi ya neno hilo, nayo ni mnyambuliko wa kitenzi sikia.

Mchezaji anayesema "nawasikia lakini sisikiki" ameshapunguza nusu ya kazi. Kauli ya kutendeka inaonyesha kwamba njia ya kupokea ni nzima na kwamba sauti yake inapotelea upande wa kutoka. Mara nyingi haijaondoka hata kwenye simu. La kwanza kukagua ni ruhusa. Tangu Android 6.0 ya mwaka 2015, programu huomba idhini ya kutumia maikrofoni wakati inapoihitaji, na mchezaji mwenye haraka ya kuingia mchezoni huweza kubonyeza "kataa" na kusahau kabisa. Tangu Android 12 ya mwaka 2021, alama ya kijani huonekana pembeni mwa kioo kila maikrofoni inapotumika. Ikiwa mchezaji anazungumza na alama hiyo haipo, hakuna haja ya kuulaumu mtandao. Baada ya ruhusa hukaguliwa kitufe cha maikrofoni ndani ya mchezo, kisha mkondo uliochaguliwa (kuna wa kikosi na kuna wa wote), kisha programu nyingine, hasa simu iliyoachwa ikiendelea, ambayo huenda bado imeishikilia maikrofoni.

"Nasikika lakini siwasikii" inaelekeza upande wa pili. Hapa kuna mtego ambao wengi hawaujui. Simu ina viwango vya sauti zaidi ya kimoja: cha miziki na michezo, na cha mazungumzo ya simu. Mazungumzo yanapofunguliwa, michezo mingi huihamisha simu katika hali ya mazungumzo, na mchezaji anayeongeza kiwango cha kwanza huwa anaongeza kisichohusika. Hali hiyo hiyo ndiyo husababisha vifaa vya masikioni vya Bluetooth kushusha ghafla ubora wa milio ya mchezo. Maikrofoni ya kifaa inapofunguliwa, kifaa huacha njia ya muziki na kutumia njia ya simu, ambayo ni nyembamba zaidi. Kifaa hakijaharibika. Anayetumia vifaa vya waya haoni badiliko hilo.

Aina ya tatu ni "namsikia huyu, yule simsikii". Kiambishi cha mtendwa ndicho kinachobeba taarifa yote hapa. Kosa likimhusu mtu mmoja tu, maikrofoni na spika za msemaji ni salama. Ama mwenzake amenyamazishwa kwa bahati mbaya katika orodha ya wachezaji, ama vifaa vyao viwili vimeshindwa kuunganishwa moja kwa moja. Hali hii ya mwisho huwapata wanaotumia mifumo ambayo sauti haipiti kwenye seva bali hutoka kwa mchezaji hadi mchezaji. Kampuni nyingi za simu huwaweka wateja wengi nyuma ya anwani moja ya umma, na mlango wa kupitia sauti hukosekana.

Kuhusu "hatusikilizani", tahadhari inahitajika, kwa kuwa kauli ya kutendana imekwisha kupata maana ya kutoelewana. Kijana akimwambia mwenzake hivyo, anaweza kujibiwa kwa hasira badala ya kusaidiwa.

Hitilafu moja huleta lawama zisizo za haki kuliko nyingine zote, nayo ni mwangwi. Mchezaji anayesikia maneno yake yakimrudia hudhani kifaa chake kina kasoro. Kwa kawaida siye yeye. Sauti yake imetoka kwenye spika ya mwenzake, ikaingia tena katika maikrofoni ya mwenzake huyo, ikarudi. Wasikilizaji wa redio wanaijua kanuni hii kwa miaka mingi: mtangazaji humwambia aliyepiga simu studio, "Punguza sauti ya redio yako." Katika kikosi cha watu wanne, mkosaji ni yule ambaye hasikii mwangwi wowote ilhali wengine wote wanausikia. Avae vifaa vya masikioni, na tatizo litakwisha.

Bando kubwa si dawa

Sauti inapokatikakatika au kuwa kama ya roboti, ushauri unaotolewa haraka ni kununua bando kubwa zaidi. Ni ushauri wa gharama na mara nyingi hausaidii. Mfumo wa kusimba sauti uitwao Opus, uliosanifishwa mwaka 2012 na unaotumiwa na Discord miongoni mwa programu nyingine, hukata usemi katika vipande vya kawaida vya milisekunde 20, yaani pakiti 50 kwa sekunde. Kwa kasi ya kilobiti 32 kwa sekunde, ambayo inatosha kabisa kwa usemi, saa nzima ya sauti ya mtu mmoja ni takriban megabaiti 14, ukiacha nyongeza ya anwani za pakiti zenyewe. Hicho ni kiasi kidogo kuliko video fupi. Kinachoharibu sauti ni pakiti kupotea njiani au kufika kwa vipindi visivyo sawa. Kwa kuwa mazungumzo hayawezi kusubiri, pakiti iliyopotea kwa kawaida haiombwi tena. Kifaa hukisia kilichokuwamo na kuziba pengo. Makisio hayo ndiyo sauti ya roboti. Tiba hutafutwa karibu: kusogelea ruta, kuzima upakuaji unaoendelea kwenye simu nyingine ya nyumbani, au kubadili kati ya Wi-Fi na data na kulinganisha.

Ucheleweshaji ni jambo jingine. Mwanga ndani ya waya wa nyuzi husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde, kwa hiyo kila kilomita 1,000 huongeza milisekunde 5 kwa kwenda pekee. Seva iliyo umbali wa kilomita 10,000 za waya imeshachukua milisekunde 50 kabla ya vifaa vyenyewe kuongeza zao. Pendekezo la G.114 la Shirika la Kimataifa la Mawasiliano linachukua milisekunde 150 za upande mmoja kuwa kiwango ambacho mazungumzo mengi hayaathiriki. Upande wa isimu una kipimo chake pia: utafiti wa Stivers na wenzake uliochapishwa mwaka 2009 ulilinganisha lugha 10 na kukuta kwamba wastani wa muda kati ya swali na jibu ni karibu milisekunde 200. Kiswahili hakikuwamo, na pengo hilo linastahili kuzibwa. Hata hivyo, namba hizo mbili zikiwekwa pamoja zinaeleza kwa nini wachezaji hugongana maneno. Ucheleweshaji wa kwenda na kurudi unapozidi ukimya wa kawaida kati ya zamu mbili, kila mmoja hudhani mwenzake hana la kusema, na wote huanza pamoja. Kuchagua seva ya karibu husaidia. Zipo pia siku ambazo hakuna mpangilio wa simu unaosaidia, kama ilivyokuwa Mei 2024 nyaya za EASSy na Seacom zilipokatika baharini na intaneti kudorora katika nchi kadhaa za Afrika Mashariki.

Silabi ya kwanza

Sasa turejee ghorofani. Mchezaji wa Kampala ana ruhusa zote, mtandao wake ni mzuri, wala hana mwangwi. Tatizo ni kwamba maikrofoni yake imewekwa ijifungue yenyewe inaposikia sauti. Utaratibu huo una kizingiti: sauti iliyo chini yake huhesabiwa kuwa kelele. Kizingiti kikiwa juu mno, mlango hufunguka baada ya usemi kuanza, na mwanzo wa usemi hubaki nje.

Katika lugha inayoweka ukanushi katikati au mwishoni mwa sentensi, hasara hiyo ni ndogo. Kiswahili huuweka mwanzoni. Isitoshe, konsonanti h ni hafifu, na mkazo wa neno la Kiswahili huangukia silabi ya pili kutoka mwisho, kwa hiyo ha- ya "hakuna" na "hawapo" haina mkazo. Ndiyo silabi ambayo kizingiti kinaelekea kuikata kuliko zote. Kinachobaki si neno bovu ambalo msikilizaji angeomba lirudiwe; kinachobaki ni neno kamili lenye maana kinyume: kuna, wapo, yupo, tupo. "Hawajaingia" ikikatwa huacha "wajaingia", umbo lisilokubalika, na msikilizaji atauliza. "Hawapo" haiachi dalili yoyote ya jeraha.

Ukanushi wa -si- kama katika "tusiingie" umekingwa na kizingiti kwa kuwa upo ndani ya kitenzi, ingawa pakiti chache zikipotea mfululizo nao unaweza kumezwa na kuacha "tuingie". Kwa maneno mengine, kila namna ya ukanushi ina adui wake.

Marekebisho ni rahisi. Kizingiti kishushwe hadi maikrofoni ifunguke kwa sauti ya chini, au itumike njia ya kubonyeza kitufe ili kuzungumza, mradi kitufe kibonyezwe kabla ya neno na si pamoja nalo. Ipo pia tiba ya lugha isiyohitaji mpangilio wowote: kutanguliza neno la wito. Anayesema "Jamani, hakuna mtu" anakitolea kizingiti neno lisilo na hasara likikatwa. Vilevile taarifa ya usalama inaweza kutolewa kwa kauli yakinishi, "pako tupu", ambayo haitegemei silabi moja.

Istilahi na wajibu wa taasisi

Mkanganyiko mwingine hutoka kwenye tafsiri. Neno kipazasauti hutumika kwa kifaa anachozungumzia mtu na pia kwa kile kinachotangazia umati. Agizo la "washa kipazasauti" linaweza kumfanya mchezaji afungue spika ya nje ya simu yake, na hapo atakuwa ameuleta mwangwi ambao hakuwa nao. Maikrofoni na spika, hata kama ni maneno ya kukopwa, hayana utata huo katika muktadha wa mchezo, na yanastahili kupewa kipaumbele. Kuhusu "vichwa vya sauti", umbo linaloonekana katika kurasa zilizotafsiriwa na mashine, lingefaa kuachwa kabisa. Agizo la kunyamazisha nalo lionyeshe mtendwa: jinyamazishe, mnyamazishe, umenyamazishwa. Viambishi hivyo vinatofautisha hali tatu ambazo kitufe chenye neno moja huzichanganya.

Mabaraza ya lugha ya nchi wanachama na Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki yana uwezo wa kuandaa orodha fupi ya istilahi za aina hii na kuikabidhi kwa wanaotafsiri programu. Orodha hiyo isiishie kwenye majina ya vifaa. Inahitaji pia kumweleza mtumiaji kwamba ukimya mwingine si hitilafu. Tangu Desemba 2022, akaunti za watoto katika mchezo wa Fortnite huzimiwa mazungumzo ya sauti mpaka mzazi atoe idhini, na mtoto aliyeandika umri wake wa kweli atahangaika na maikrofoni nzima bila mafanikio. Ujumbe unaomweleza jambo hilo usomeke kwa Kiswahili ambacho yeye na mzazi wake wanakielewa, la sivyo njia atakayoigundua mwenyewe ni kufungua akaunti nyingine na kudanganya mwaka wa kuzaliwa.