Bahari Iliyosimama Wima

Juzi nilitazama sinema iliyoninyima usingizi, wala haina jini wala muuaji. Yaitwa "Crossroads", kazi ya Mmarekani Bruce Conner ya mwaka 1976. Conner hakupiga picha hata moja. Alitwaa picha za serikali ya Marekani, zilizokuwa za siri, akaziunga zikawa dakika 36.

Kinachoonyeshwa ni kitu kimoja tu: bomu la atomiki lililolipuliwa chini ya maji kisiwani Bikini, Bahari ya Pasifiki, tarehe 25 Julai 1946. Manowari zimetia nanga, kimya. Mara bahari yasimama wima kama mnara, na manowari zaonekana kama vifuu. Kisha mlipuko ule ule warudiwa, kwa mbali, kwa karibu, kutoka angani, tena na tena.

Nakiri, msomaji, kwamba mara ya kwanza niliona uzuri. Wingu jeupe lilifunguka kama ua, nami nikastaajabu. Nilikumbuka tulivyokuwa tukiisoma Sura ya Zilzala chuoni, mbio mbio, ili tutoke tukacheze. Mwalimu alikuwa akiturudisha mwanzo hata maneno yatulie moyoni. Conner naye afanya vivyo hivyo. Mara ya kwanza jicho hustaajabu. Mara ya tano moyo huuliza: bahari hii ina wenyewe?

Inao. Mwezi wa Machi 1946, watu 167 wa Bikini walihamishwa, wakaambiwa ni kwa muda tu. Katika sinema hii hawaonekani kabisa. Hadi 1958 mabomu 23 yalikuwa yamelipuliwa kwao. Baadhi yao walirejeshwa katika miaka ya sabini, lakini 1978 wakaondolewa tena kwa sababu ya sumu ya mabomu. Hata leo hawajarudi kukaa.

Nilimsimulia jirani yangu mvuvi. Hakuniuliza habari za bomu. Aliniuliza, "Na wenyewe, Bwana, wakaenda kuvua wapi?"

Nikamwambia kwamba Rongerik, walikopelekwa kwanza, chakula hakikutosha, wakashikwa na njaa. Mwaka 1948 wakapelekwa Kili, kisiwa kisicho na maji matulivu ya kuvulia.

Alinyamaza, kisha akarudi kwenye wavu wake. Basi ukibahatika kuitazama sinema hii, msomaji, staajabu ukipenda. Lakini usiondoke kabla hujauliza swali la mvuvi.