Kamera Inayobaki Kijijini

Mwaka 2004 Hubert Sauper, mtengenezaji filamu kutoka Austria, alitoa "Darwin's Nightmare", filamu ya hali halisi kuhusu biashara ya sangara Mwanza, Tanzania. Ndani yake, minofu inapakiwa kwenye ndege kwenda Ulaya. Wakazi wanakaanga mapanki, vichwa na mifupa iliyobaki viwandani. Filamu ikateuliwa kuwania Oscar. Mwaka 2006 Rais Kikwete akailaani hadharani kwamba inaichafua nchi, na tangu hapo watu wakabishana juu ya sifa ya Tanzania, si juu ya nani anafaidika na samaki wa Ziwa Victoria. Mwandishi wa habari Mtanzania aliyehojiwa kwenye filamu hiyo akasumbuliwa na mamlaka. Mkurugenzi alikuwa Ulaya.

Sisemi Sauper alikosea kuuliza. Ila anayerekodi kisha akaondoka hawezi kuwajibika kwa wale aliowarekodi.

Kisilu Musya, mkulima wa Kitui, Kenya, alifanya vingine. Katika "Thank You for the Rain" ya mwaka 2017, aliyoitengeneza na Julia Dahr wa Norway, kamera ameishika mwenyewe. Kwa takribani miaka mitano alirekodi ukame, mafuriko, dhoruba iliyoezua paa la nyumba yake, na majirani aliowahimiza kupanda miti, hadi akafika kwenye mkutano wa tabianchi wa Paris, 2015. Madhara ya mazingira huja polepole. Mgeni wa wiki mbili hukuta ardhi kavu tu. Aliyeizoea anajua ilianza kukauka lini.

Hilo lina uzito kwa Kichiwa na vijiji vya Njombe, Tanzania, kwa jumla. Milingoti, yaani mikaratusi, inalipa, na mwenye shamba ana haki ya kupata ada za shule. Lakini ikipandwa karibu na chemchemi, mwenye vinyungu, bustani za huko bondeni, ndiye anayekosa maji ya kiangazi. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inataka mita 60 kutoka ukingo wa mto ziachwe bila shughuli za kudumu. Kijana mwenye simu nzuri anaweza kusimama pale pale kila Oktoba, arekodi maji yalipofika, aulize wazee yalikuwa yakifika wapi.

Kisha aionyeshe filamu yake kwanza kwenye mkutano mkuu wa kijiji, kwa sababu ndio wenye kauli juu ya ardhi ya kijiji. Wenye milingoti nao wapewe nafasi ya kumsahihisha, kabla filamu haijapelekwa tamasha lolote.