Wavuvi wa Eyemouth

Eyemouth ni mji mdogo wa wavuvi, pwani ya mashariki ya Uskoti. Zamani wavuvi wake walitozwa fungu la kumi la samaki kwa ajili ya mchungaji wa mji, wala zaka hiyo haikuwa ya hiari. William Spears, mvuvi mwenzao, akawaongoza kuikataa. Hata mwaka 1864 wakakubaliwa kujikomboa kwa paundi 2,000. Deni likawalemea, na bandari yao ikakaa pasipo kutengenezwa ipasavyo.

Ijumaa, tarehe 14 Oktoba 1881, kulipambazuka bahari shwari. Chombo cha kupimia hewa kilionya kwamba dhoruba yaja. Lakini tusiwaite wapumbavu: siku kadhaa walikuwa wamezuiwa na hewa mbaya, na watoto wataka kula. Wakatweka matanga. Adhuhuri mbingu ikawa giza, tufani ikavuma. Mashua nyingine zilivunjika miambani, karibu na mlango wa bandari, wake zao wakitazama ufuoni wasiweze kuwaokoa. Pwani ile walikufa wavuvi 189. Katika hao, 129 walikuwa wa Eyemouth.

Mashua moja, Ariel Gazelle, ilikaa kilindini mpaka tufani ikapita, ikarudi salama na watu wake.