Gemu imefutwa, makato yanaendelea: Ziba tundu linalovujisha mtaji kwenye simu

MKULIMA wa nyanya kule Ngarenanyuki, au wa mboga katika miteremko ya Mlima Meru, anajua kwamba maji ya mfereji hayasimami kwa sababu tu mwenye shamba amekwenda kulala. Zamu yako ikiisha ukaacha njia ya maji wazi, yataendelea kutiririka usiku kucha. Kuziba tuta la shambani peke yake hakutoshi. Maji hufungwa pale yanapochepushwa kutoka mfereji mkuu.

Ndivyo ilivyo kwa michezo ya kompyuta na simu, maarufu kama gemu, inayolipiwa kwa mwezi au kwa mwaka kupitia intaneti. Watu wengi hudhani kwamba wakiifuta gemu kwenye simu wamemaliza. La hasha. Kufuta gemu ni kuziba tuta la shambani. Malipo yanaendelea kukatwa kwa sababu ruhusa uliyoitoa siku ya kwanza bado ipo.

Kwa mfanyakazi wa mshahara huenda hilo likawa usumbufu mdogo. Kwa mkulima au mfanyabiashara mdogo ni jambo zito zaidi, kwa kuwa simu yake na akaunti yake ya benki ndimo unamokaa mtaji.

Yaliyomkuta mwandishi

Mwandishi wa makala haya anasema hivyo kwa kuwa yamemkuta. Wakati wa likizo ya shule, mtoto wa nyumbani aliomba simu acheze gemu ya mbio za magari. Gemu ilikuwa ya bure, ila iliuliza kama mchezaji anataka kujaribu huduma ya ziada kwa siku saba bila malipo. Mtoto akakubali. Namba za kadi ya benki zilikuwa zimeshahifadhiwa kwenye simu, kwani ilitumika siku za nyuma kununua programu nyingine.

Shule zilipofunguliwa gemu ikafutwa, mambo yakasahaulika. Miezi minne baadaye, mwandishi alipokwenda kutoa fedha za kulipa vibarua wa palizi, salio halikulingana na hesabu yake. Taarifa ya benki ilionyesha dola 4.99 za Marekani zimekatwa kila mwezi, yaani zaidi kidogo ya Sh12,000 kila mara. Jumla ilikaribia Sh50,000.

"Lakini baba, gemu mbona niliifuta?" aliuliza mtoto. Alikuwa anasema kweli. Aliifuta gemu, lakini hakuna aliyefuta usajili.

Ushuru wa soko na ada ya gemu

Ili kuelewa biashara hii, tuilinganishe na ushuru wa soko. Mama anayepeleka ndizi Tengeru siku ya Jumatano au Jumamosi, au viazi Ngaramtoni siku ya Alhamisi au Jumapili, hulipa ushuru siku aliyoleta mzigo. Asipokwenda sokoni, hakuna mtoza ushuru anayemfuata nyumbani.

Usajili unaojirudia wenyewe huenda kinyume. Unakatwa uwe umecheza au hukucheza. Muuzaji hahitaji kukuomba tena, maana kimya chako kinahesabiwa kuwa ni kukubali. Wapo wanaonufaika na utaratibu huu, kwa mfano mtu anayecheza kila siku ambaye hataki usumbufu wa kulipa upya. Tatizo ni kwa yule aliyesahau, na kwa mwenye kadi ambaye si yeye aliyejiunga.

Uingereza walivyolishughulikia

Tatizo hili si la Arusha peke yake. Mwaka 2019, Mamlaka ya Ushindani na Masoko ya Uingereza ilianza kuchunguza jinsi kampuni tatu kubwa za gemu, yaani Microsoft, Sony na Nintendo, zilivyokuwa zikiwatoza wateja kwa usajili unaojirudia.

Januari 2022, Microsoft iliahidi kutoa maelezo yaliyo wazi zaidi kabla mteja hajajiunga, na kuwapa baadhi ya wateja wa mkataba wa miezi 12 nafasi ya kuuvunja na kurudishiwa fedha za muda uliobaki. Aprili 2022, Sony nayo iliahidi kuwakumbusha wateja ambao hawajatumia huduma ya PlayStation Plus kwa muda mrefu, na kuacha kuwakata iwapo wataendelea kutoitumia. Nintendo ilibadili utaratibu wake, ikaacha kuuza huduma yake ya mtandaoni ikiwa tayari imewekwa kujirudia yenyewe.

Ujerumani, kuanzia Julai 1, 2022, sheria inazitaka kampuni zinazouza mikataba ya namna hii kwenye intaneti ziweke kitufe cha kujitoa kinachoonekana wazi. Nchini Marekani, Desemba 2022, kampuni ya Epic Games inayotengeneza gemu ya Fortnite ilikubali kulipa dola milioni 245 za kuwarudishia wateja, baada ya kudaiwa kuwa mpangilio wa vitufe vyake uliwafanya wachezaji, wakiwemo watoto, kununua vitu bila kukusudia.

Mifano hiyo inaonyesha kuwa anayekatwa bila kujua si lazima awe mjinga. Hata kwenye nchi zenye wataalamu wengi wa kompyuta, serikali zililazimika kuingilia kati.

Jinsi ya kujitoa

Kwa simu za Android, ambazo ndizo nyingi mikononi mwa wananchi, fungua duka la Google Play kwa kutumia akaunti ileile iliyotumika kujiunga. Gusa alama ya picha yako juu, kisha sehemu ya malipo na usajili, halafu usajili. Utaona orodha ya huduma zote unazolipia. Chagua usiyoitaka, gusa palipoandikwa ghairi usajili, ufuate maelekezo hadi mwisho. Usiishie njiani, kwani wakati mwingine utaulizwa sababu kabla ya kuthibitisha.

Kwa simu za iPhone, fungua mipangilio, gusa jina lako, kisha sehemu ya usajili. Kama uko kwenye muda wa majaribio ya bure, jitoe angalau saa 24 kabla muda huo haujaisha, la sivyo unaweza kukatwa.

Kwa mashine ya PlayStation, ingia kwenye mipangilio, kisha sehemu ya watumiaji na akaunti, halafu malipo na usajili. Kwa Xbox, ingia kwenye akaunti yako ya Microsoft katika tovuti ya kampuni hiyo, utafute sehemu ya huduma na usajili, uzime malipo yanayojirudia.

Kwa kawaida ukishajitoa huduma haikatiki papo hapo. Utaendelea kuitumia hadi mwisho wa muda uliokwisha kuulipia. Hivyo hakuna sababu ya kusubiri siku ya mwisho. Unaweza kujiunga leo na kuzima kujirudia leo hiihii.

Kuacha akaunti tupu si dawa

Wapo wanaofikiri kwamba njia rahisi ni kuacha akaunti bila fedha. Njia hiyo ina hatari. Malipo yakishindikana, muuzaji anaweza kujaribu tena siku zinazofuata. Mkulima wa kahawa aliyesubiri malipo ya chama chake cha ushirika anaweza kukuta fedha zimeingia asubuhi na gemu imeshachukua chake kabla hajafika benki.

Kama fedha zimeshakatwa, chukua hatua haraka. Google hupokea maombi ya kurudishiwa fedha, na nafasi ni nzuri zaidi ndani ya saa 48 tangu kukatwa. Baada ya hapo mara nyingi utaelekezwa kwa mtengenezaji wa gemu yenyewe. Apple nao wana utaratibu wa kupokea maombi hayo. Kurudishiwa si jambo la uhakika, kwa hiyo tunza ujumbe wa makato na tarehe zake.

Ikiwa ulishajitoa na bado unakatwa, nenda benki yako na ushahidi huo uwasilishe malalamiko kwa maandishi. Usiporidhika na majibu, Benki Kuu ya Tanzania inapokea malalamiko ya watumiaji wa huduma za fedha, kwa kanuni za kuwalinda za mwaka 2019.

Makato ya vocha

Wasio na kadi ya benki nao wasijione wako salama. Zipo huduma za gemu, chemsha bongo na nyinginezo zinazokata salio la vocha kila siku au kila wiki. Mtu hujiunga kwa kujibu ujumbe mmoja, au mtoto hubonyeza tangazo bila kusoma.

Tuseme huduma inakata Sh200 kwa siku. Ni fedha ambayo wengi hawaigombei. Lakini kwa siku 30 ni Sh6,000, na kwa mwaka mzima ni Sh73,000. Katika msimu wa 2022/2023, mfuko wa kilo 50 wa mbolea ya ruzuku ya DAP au Urea uliuzwa takriban Sh70,000. Huo ni mfuko mzima wa mbolea uliomwagika tone kwa tone bila kugusa hata shina moja la mahindi.

Kujitoa, rudi kwenye ujumbe wa kwanza wa huduma hiyo. Mara nyingi huelekeza utume neno kama ONDOA au STOP kwenda namba fupi iliyokutumia ujumbe. Usipoupata, piga huduma kwa wateja wa mtandao wako, uwaombe wakutajie huduma zote zilizounganishwa na namba yako na waziondoe. Wakishindwa kukusaidia, Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA), iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2003, inapokea malalamiko, na ofisi yake ya Kanda ya Kaskazini ipo Arusha. Jambo la msingi ni kuanza kwa mtoa huduma mwenyewe, ukahifadhi kumbukumbu za malalamiko yako.

Kwa wenye vibanda vya gemu

Vijana wengi wamejiajiri kwa kufungua vibanda vya gemu, ambako wateja hulipa kwa mechi au kwa muda. Hawa nao wanapaswa kupiga hesabu vizuri. Usajili wa PlayStation Plus unahitajika katika gemu nyingi za kulipia ili kushindana na watu walio mbali kupitia intaneti. Wateja wawili wanaokaa bega kwa bega wakicheza mpira kwenye mashine moja hawauhitaji kwa mechi hiyo.

Hata hivyo, kabla ya kujitoa angalia kama gemu unazotumia kibandani zilipatikana kwa njia ya usajili. Kama ndivyo, usajili ukiisha zitafungwa. Gemu uliyoinunua moja kwa moja hubaki yako.

Pia angalia tarehe. Ada ya mwaka iliyolipwa Januari itakatwa tena Januari, mwezi ambao mzazi anahangaika na sare na madaftari.

Kinga ni bora

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Weka simu yako iulize namba ya siri kwa kila manunuzi, na namba hiyo mtoto asiijue. Fedha za mtaji zisikae kwenye akaunti yenye kadi inayotumika kwenye intaneti. Kama ni lazima kununua huko, tumia kadi nyingine yenye fedha kidogo tu. Ukijiunga na majaribio ya bure, andika siku ya mwisho kwenye daftari lilelile la mauzo na madeni.

Aidha, mara moja kwa mwezi, siku unayohesabu mali iliyobaki dukani, fungua pia orodha ya usajili kwenye simu na uisome yote. Kazi hiyo haichukui dakika tano. Mwandishi huifanya kila mwisho wa mwezi, na vibarua wake wa palizi hulipwa siku waliyoahidiwa.