Je, Wajua? Mwanamuziki Aliyetunga Ngano ya Nyoka Mwenye Macho ya Buluu

Je, wajua kwamba kisa cha Nutcracker, ambacho Tchaikovsky alikitungia muziki wa baleti mwaka 1892, chanzo chake ni hadithi ya mwanamuziki mwenzake? Ni E.T.A. Hoffmann, Mjerumani aliyezaliwa Königsberg mwaka 1776. Alisomea sheria na akawa hakimu, lakini moyo wake ulikuwa kwenye muziki. Alimhusudu Mozart hata akaacha jina lake la tatu, Wilhelm, akajiita Amadeus kama yeye.

Mwaka 1813 alikuwa akiongoza okestra ya kundi la opera lililohamahama kati ya Dresden na Leipzig, huku mizinga ya vita vya Napoleon ikirindima. Katika msukosuko huo ndipo alipoanza ngano yake ndefu, "Chungu cha Dhahabu", iliyochapishwa 1814. Sehemu zake hakuziita sura. Aliziita mikesha, nazo ni 12.

Ngano inaanza Sikukuu ya Kupaa, saa tisa alasiri: mwanafunzi Anselmus anapita mbio kwenye lango la Dresden. Anaparamia tenga la bibi muuza matufaha, matunda yanatapakaa, bibi anamlaani. Anakimbilia chini ya mti kando ya mto Elbe, na huko anasikia mlio wa kengele za kioo matawini. Anainua macho: nyoka watatu wa kijani na dhahabu, mmoja ana macho ya buluu. Anampenda papo hapo. Baba wa nyoka huyo ni mtunza nyaraka anayeheshimika mjini, kumbe ni salamanda, kiumbe wa moto! Anselmus anaajiriwa kumnakilia maandishi ya kale. Siku anapodondosha wino juu ya waraka, anajikuta amefungiwa ndani ya chupa, juu ya rafu.

Angalia sikio la mwanamuziki linavyofanya kazi: nyoka wanasikika kwanza, ndipo wanaonekana. Na uchawi wenyewe hauko ng'ambo ya bahari saba. Uko mtaani, kati ya wachuuzi na makarani. Kwangu mimi, huo ndio uhodari wake mkubwa.

Opera yake "Undine" ilionyeshwa Berlin mwaka 1816, na mwaka uliofuata jumba la maonyesho ilimoonyeshwa likateketea kwa moto. Hadithi zake ndizo zilizorudi kwenye muziki: Schumann aliita kazi yake ya piano ya mwaka 1838 "Kreisleriana", kwa jina la mwanamuziki aliyebuniwa na Hoffmann, na mwaka 1881 opera ya Offenbach ilimpandisha Hoffmann mwenyewe jukwaani kama mhusika mkuu.