Mwaka 72 wa Mishamo

Mwaka 1972 jeshi la Burundi liliua Wahutu wanaokadiriwa kati ya 100,000 na 300,000, likiwalenga hasa waliosoma. Warundi huliita tukio hilo Ikiza, yaani balaa. Waliovukia Tanzania wengi waliletwa kwenye makazi ya wakimbizi katika misitu ya Mpanda, leo mkoa wa Katavi: Katumba kuanzia 1973, Mishamo 1978.

Mwanaanthropolojia Liisa Malkki alipofanya utafiti Mishamo katikati ya miaka ya 1980, alikuta simulizi moja midomoni mwa wengi, karibu kwa mpangilio uleule. Akaenda Kigoma mjini. Huko, watu waliokimbia mauaji yaleyale hawakuwa na hamu ya kuyasimulia. Walioa na kuolewa na wenyeji, wakatafuta riziki, wengine wakaficha kabisa kwamba ni wakimbizi.

Kuhusu namna jeraha linavyopita kwa watoto, ulinganisho huu naupenda kuliko vipimo vya maabara. Watafiti waliochunguza watoto wa Rwanda waliokuwa tumboni wakati wa mauaji ya kimbari ya 1994 waliona alama kwenye jeni inayoratibu homoni za msongo. Sawa, lakini waliopimwa walikuwa wachache, na watoto hao pia walilelewa na mama wenye kiwewe. Damu inasingiziwa mengi.

Mishamo, mtu alihitaji kibali ili atoke nje ya makazi. Kila siku alikumbushwa kuwa ni mkimbizi, na mtoto akiuliza kwa nini tunaishi hivi, jibu lilikuwa 1972. Si ajabu kwamba chama cha Kihutu cha Palipehutu kilizaliwa humohumo mwaka 1980. Hadithi ya wazee ilikwishakuwa siasa ya vijana. Kigoma swali hilo halikuulizwa kila asubuhi.

Mwaka 2007 wakimbizi hao wa 1972 walipopewa nafasi ya kuchagua, takriban asilimia 80 walitaka uraia wa Tanzania. Watu wapatao 162,000 walikubaliwa, ila vyeti vikakwama hadi 2014. Kwa miaka ile, mzee alikwishaukana Urundi wake na Utanzania hakuwa nao mkononi. Kijana aliyekulia katika ngoja-ngoja hiyo ana jeraha lake mwenyewe, la Katavi, wala halikutoka Burundi. Anayemhudumia asikimbilie kuuliza habari za babu.

Habari za babu nazo zina mahali pake. Mapema 2020, tume ya ukweli ya Burundi ilifukua makaburi ya halaiki Karuzi, kando ya Mto Ruvubu, ikapata mabaki ya watu zaidi ya 6,000. Pamoja na mifupa zilitoka nguo, miwani na rozari, na baadhi ya marehemu walitambuliwa kwa vitu hivyo.