Maji mdomoni: kimya kinachotuliza na kimya kinachoumiza

Mwezi uliopita nilihudhuria kicheni pati ya binamu yangu jijini Dar es Salaam. Zawadi zilipokwisha, somo alimkabidhi bibi harusi glasi ya maji, akamwambia apige funda moja bila kumeza.

“Mwanangu, mumeo akianza kufoka, fanya hivi. Mwenye maji mdomoni hajibu.”

Ukumbi ulilipuka kwa vigelegele. Nami nilipiga. Kisha nikageuka na kumwona mama mkubwa amekaa kimya, mikono mapajani.

Wiki tatu kabla ya hapo nilikuwa nimempeleka zahanati baada ya kuumwa kichwa siku nne mfululizo. Presha yake ilisoma 180/110. Daktari alipomuuliza kama kuna jambo linalomsumbua nyumbani, alijibu kwa upole, “Hakuna, dokta.” Mimi nimelelewa katika nyumba ile. Kwa miaka 31 ya ndoa, maji hayajawahi kumtoka mdomoni.

Sisemi kuwa ndoa ndiyo iliyompa presha. Umri, uzito, chumvi na urithi vyote vina mchango. Lakini tulipokuwa kwenye daladala tukirudi nyumbani alisema jambo ambalo bado linanizunguka kichwani: “Somo kasahau kumwambia mtoto ayateme lini.”

Falsafa ya tangu kale

Mafunzo ya somo yule si ya kubeza. Inasimuliwa kuwa wanafunzi wapya wa Pythagoras, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, walitakiwa kunyamaza miaka mitano kabla ya kukubaliwa kikamilifu. Mahatma Gandhi wa India aliifanya Jumatatu kuwa siku yake ya kutozungumza. Wahenga wetu nao walisema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi.

Sayansi nayo ina la kusema. Mwaka 2006, jarida la kitabibu la Heart lilichapisha utafiti mdogo wa athari za muziki mwilini. Watafiti waliweka katikati ya muziki kimya cha dakika mbili. Katika dakika hizo mapigo ya moyo na presha vilishuka, na washiriki walitulia kuliko hata waliposikiliza muziki wa taratibu.

Mtafiti wa ndoa wa Marekani, John Gottman, anashauri wanandoa waliopandwa na hasira waache mabishano kwa angalau dakika 20, ili mapigo ya moyo yashuke ndipo waendelee. Kwa maneno mengine, shika maji mdomoni kwanza.

Kimya kinapogeuka sumu

Hata hivyo, upo utafiti mwingine ambao kila somo angepaswa kuujua. Ulitokana na mradi mkubwa wa kufuatilia magonjwa ya moyo katika mji wa Framingham, jimbo la Massachusetts, Marekani. Zaidi ya watu 3,000 walifuatiliwa kwa miaka 10, na matokeo yakachapishwa mwaka 2007.

Wanawake walioolewa ambao walizoea kuyameza ya moyoni wanapogombana na waume zao walikuwa na hatari ya kufa mara nne zaidi ya wale waliosema. Tofauti hiyo ilibaki hata baada ya kuzingatia umri, presha, kisukari na uvutaji sigara. Kwa wanaume haikuonekana.

Utafiti huo hauthibitishi kuwa kimya chenyewe ndicho kilichoua. Unatuonya kwamba ugomvi usiosikika sebuleni unaweza kuwa unaendelea ndani ya mwili wa mtu.

Yateme lini?

Kwanza, kiage kimya chako. Usiondoke tu. Sema, “Sasa hivi nina hasira, tuzungumze baada ya chakula.” Mwenzako atajua hujamdharau.

Pili, tumia muda huo kutulia. Tembea, oga, sali. Ukiutumia kupanga majibu makali zaidi, utarudi ukiwa na hasira kuliko ulivyoondoka.

Tatu, rudi kama ulivyoahidi. Hapa ndipo wengi wetu hushindwa. Hasira ikipoa tunaona jambo limekwisha, kumbe limewekwa akiba.

Nne, usifanye kimya kuwa fimbo. Kununa siku tatu na kumtuma mtoto, “Kamwambie baba yako chakula kipo mezani,” ni kumtwika mtoto mzigo usio wake.

Mwisho, ikiwa unanyamaza kwa kuogopa kupigwa, ushauri huu haukuhusu. Mwambie ndugu unayemwamini, au fika Dawati la Jinsia na Watoto katika kituo cha polisi.

Mama mkubwa anaendelea na dawa zake, na presha imeanza kushuka. Jumapili iliyopita alimwambia baba mkubwa jambo alilolibeba kwa miaka mingi: shamba lililouzwa bila yeye kuambiwa. Baba mkubwa alinyamaza kitambo, kisha akasema, “Nipe hadi jioni, mama.”

Jioni ilipofika, ni yeye aliyevuta kiti na kumwita waongee.